KUOGA NA KUJITUMBUKIZA: Historia ya Mabafu Kutoka Kilwa na Unguja Mpaka Japani, na Swali la Mama Mmoja wa Kanama



Sifa zote njema ni za Allah (S.W.), Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), ahli zake na Swahaba zake. Amma baad.

Ndugu wazazi na wanafunzi wapenzi, makala ya leo ni ya historia, lakini imeanzia kwenye swali la fiqhi, na swali lenyewe limeanzia bafuni. Tafadhali msicheke. Twahara ni mlango wa Swala, na vitabu vyetu vingi vya fiqhi hufungua kwa mlango wa maji kabla ya mlango mwingine wowote. Basi tusione haya kuzungumza juu ya maji.

SWALI LILILOLETWA MADRASA

Jioni moja baada ya darsa, kijana niliyemsomesha Juzuu Amma akiwa mdogo alibaki nyuma. Leo ni fundi wa ujenzi, mtu mzima mwenye mke na watoto. Alikuwa na karatasi iliyokunjwa mara nne, na ndani yake mchoro wa nyumba anayomjengea mama yake hapa Kanama, juu mlimani. Nyumba yao ya zamani ilikuwa chini, karibu na mto Sebeya. Wenyeji wa huku hawahitaji kukumbushwa usiku wa kuamkia tarehe 3 Mei 2023, mvua iliponyesha mpaka mito ikatoka katika njia zake na milima ikaporomoka, na zaidi ya watu 130 wakafariki katika nchi yetu, wengi wao huku magharibi. Allah awarehemu. Familia hii ilitoka salama, lakini nyumba ilikwenda na maji.

Katika mchoro, pembeni ya chumba cha mama, kijana alikuwa ameandika: bafu la Kijapani. Aliwahi kufanya kazi ya vigae kwenye nyumba za wageni kule Gisenyi mjini, na huko aliona picha za mabafu hayo. Ni mafupi kwa urefu lakini yana kina, mtu huketi ndani amekunja magoti, na maji ya moto yakamfika mabegani. Mama yake ameshapita miaka sabini na magoti yanamtesa. Kila akipata nauli huenda Nyamyumba, kwenye chemchemi za maji ya moto kando ya Ziwa Kivu ambazo sisi tunaziita amashyuza, kwa sababu yale maji humpunguzia maumivu.

"Mwalimu," akaniambia, "kaka yangu mkubwa amekataa. Anasema ni israfu, na ni kuwaiga wasiokuwa Waislamu. Tangu siku hiyo hatusemezani. Tumekubaliana jambo moja tu, kwamba utakalosema wewe tutalifuata."

Ndugu zangu, nilijibu kwa haraka. Nikamwambia, "Mwanangu, watu wanabeba maji kwa jerikani kichwani, wewe unataka kujaza birika zima mtu mmoja akae ndani? Hiyo ni israfu. Acha." Akakunja karatasi yake, akaniaga kwa adabu, akaenda.

Nyumbani nilimsimulia mke wangu. Akaniuliza, "Baba watoto, ulimwuliza huyo mama anaoga vipi kule Nyamyumba?" Sikuwa nimeuliza. Kesho yake aliyekwenda kumwuliza ni mke wangu mwenyewe, na jibu aliloniletea lilinitia haya. Yule mama haogi. Mahali pale ni pa wazi, wanaume na wanawake wanapita. Yeye huketi ukingoni na nguo zake zote, hutia miguu tu, na huondoka watu wakizidi. Analipa nauli ya kwenda na kurudi kwa ajili ya kutia miguu tu.

Hapo nikajua kwamba nimetoa fatwa juu ya karatasi, si juu ya mtu. Nikarudi kwenye vitabu, nikasoma fiqhi kwanza kisha historia. Niliyoyapata ndiyo haya ninayowaletea.

MAFUNDISHO YA MTUME (S.A.W.) JUU YA MAJI

Imepokewa kutoka kwa Anas (R.A.), katika Bukhari na Muslim, kwamba Mtume (S.A.W.) alikuwa akitawadha kwa kiasi cha mudi moja ya maji, na akioga kwa pishi moja, yaani mudi nne, mpaka mudi tano. Pishi hiyo ni kiasi cha lita 2 na nusu mpaka 3 kwa vipimo vya leo. Kwa hiyo janaba yote, kutoka utosini mpaka unyayoni, huondoka kwa maji yasiyojaza hata robo ya jerikani ya lita 20. Hili peke yake linatosha kutufanya tuogope kuyachezea maji.

Bibi Aisha (R.A.) naye amepokea kwamba yeye na Mtume (S.A.W.) walikuwa wakioga kutoka chombo kimoja. Zingatieni hapa. Walikuwa wakiteka kutoka chomboni, na chombo chenyewe hawakuingia. Na katika Hadithi ya Abu Hurayra (R.A.) iliyomo kwa Muslim, Mtume (S.A.W.) alikataza mtu mwenye janaba kuoga ndani ya maji yaliyotuama. Walipomwuliza Abu Hurayra afanyeje basi, akasema ayachote.

Wanazuoni wa madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo tuliyoyarithi kutoka pwani, wakafafanua zaidi. Maji yakifika kulla mbili, ambazo wengi wanazikisia kuwa takriban lita 200, ni maji mengi. Hayanajisiki kwa kuingiwa na najisi mpaka yabadilike rangi, ladha au harufu. Yakiwa chini ya hapo ni machache, huharibika kwa najisi hata kama hayakubadilika. Na maji machache yaliyokwisha kutumika kuondolea hadathi huwa ni maji yaliyotumika: ni safi, lakini hayatwahirishi tena.

Shikeni kanuni hii, kwa kuwa tutakutana nayo tena mahali ambapo sikutegemea kuikuta.

WAISLAMU NA HAMAMU

Je, kuingia katika bafu lililobuniwa na watu wa dini nyingine ni kuwaiga? Historia inajibu vizuri. Waislamu walipoingia Sham katika karne ya kwanza ya Hijra, walikuta mabafu ya Warumi, yenye vyumba vya baridi, vya vuguvugu na vya moto. Hawakuyabomoa. Waliyachukua na kuyarekebisha. Katika jangwa la Jordan mpaka leo lipo jengo la Qusayr Amra la wakati wa Bani Umayya, karne ya 8, likiwa na bafu ndani yake. Damascus kuna hamamu inayonasibishwa na Nuruddin Zanki, mtawala wa karne ya 12.

Wanazuoni hawakukaa kimya. Imam al-Ghazali katika Ihyaa alitenga nafasi maalumu kwa adabu za hamamu: mtu asitiri uchi wake, ainamishe macho yake yasitazame uchi wa wengine, asimwage maji kupita haja, na akiona joto lile akumbuke joto la Jahannam. Alijua kwamba maimamu waliotangulia walihitilafiana, wengine wakizipenda hamamu kwa usafi wake na wengine wakizichukia kwa kufichua kwake miili. Uchi na israfu ndivyo walivyovichukia. Hakuna aliyesema kwamba maji ya moto ni haramu kwa sababu Warumi walitangulia kuyaoga.

PWANI YETU: KILWA NA LAMU

Sasa tuje kwetu. Mwaka 1331 msafiri Ibn Battuta alifika Kilwa na kuusifu mji ule kwa uzuri na ujenzi wake. Sultani aliyemkuta alikuwa al-Hasan bin Sulaiman, aliyejulikana kwa ukarimu. Ni katika zama zake ndipo lilipojengwa jumba la Husuni Kubwa, juu ya jabali linalotazama bahari. Magofu yake yapo mpaka leo, na miongoni mwake kuna birika la kuogea lenye pembe nane, limejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa. Mtaalamu wa mambo ya kale Neville Chittick aliyachimbua magofu hayo katika miaka ya 1960. Kwa hiyo miaka mia saba iliyopita alikuwepo Mwislamu wa Afrika Mashariki aliyejitumbukiza katika birika la kina, nyumbani kwake, akitazama bahari.

Lakini hilo ni jumba la mfalme. Nyumba za kawaida za watu wenye uwezo zilikuwa na kitu kidogo zaidi, na kwangu mimi ndicho chenye mafunzo makubwa. Katika nyumba za mawe za Lamu, chumba cha kuogea kilikuwa na birika la kujengwa pembeni, na maji yake yakitekwa kwa kata, mara nyingi ya kifuu cha nazi. Chini ya birika mafundi wakijenga bakuli la kauri ya Kichina, na ndani ya maji wakafuga samaki wadogo ili wale viluwiluwi vya mbu. Mtu alisimama nje ya birika akajimwagia. Maji machafu yakaenda zake kwenye shimo, na maji ya birika yakabaki safi kwa atakayefuata. Hiyo ndiyo ile Hadithi ya Abu Hurayra, imegeuzwa kuwa jiwe na chokaa!

Hapa kwetu Rwanda neno birika tunalijua kwa maana nyingine, lile la mkononi lenye mdomo, ambalo kila nyumba ya Kiislamu huliweka mlangoni mwa choo. Hayo ni maneno mawili ya Kiarabu yaliyokutana katika Kiswahili: ibriiq, chombo cha kumiminia, na birka, hodhi la maji. Yote mawili yametoka pwani. Wafanyabiashara, makarani na askari Waislamu waliokuja huku zama za Wajerumani, ambao Msikiti wa al-Fatah wa Kigali wa mwaka 1913 ni athari yao, walibeba birika la mkononi. Lile la kujengwa lilibaki pwani. Na kwa muda mrefu majirani zetu wakisema Mswahili, walimaanisha Mwislamu. Basi historia ya pwani ni historia yetu pia, ingawa bahari tuliyo nayo ni Kivu.

UNGUJA: BAFU LA MKE NA BAFU LA MJI

Sayyid Said bin Sultan, aliyehamishia makao yake Unguja kutoka Maskati na kufariki mwaka 1856, alikuwa na kasri la Mtoni, kaskazini ya mji. Binti yake Sayyida Salme, aliyezaliwa hapo mwaka 1844 na baadaye akajulikana Ulaya kwa jina la Emily Ruete, aliandika kumbukumbu zake zilizotoka kwa Kijerumani mwaka 1886. Anaeleza mabafu yaliyopangwa upande mmoja wa ua, yenye mahodhi makubwa ambayo maji yake yalimfika mtu mzima kifuani. Anasimulia pia kwamba watu hawakuja pale kuoga tu, bali walisali, walisoma, walilala na kuzungumza. Bafu lilikuwa baraza.

Sayyid Said alioa binti wa Kiajemi, mjukuu wa Shah Fath Ali, na mnamo mwaka 1850 akamjengea bafu la Kidichi, katika mashamba ya ndani ya kisiwa. Lina kuba, na kuta zake zimepambwa kwa chokaa iliyochongwa maua na ndege, kwa ufundi wa Kiajemi. Ndoa haikudumu, bibi akarudi kwao. Bafu lingalipo na wageni wanalitembelea.

Mwanawe, Sayyid Barghash, aliyetawala tangu 1870 mpaka 1888, alifanya jambo lililo bora zaidi. Alileta maji ya chemchemi kwa mabomba mpaka mjini, watu wakaacha kutegemea visima tu. Na katikati ya Mji Mkongwe alijenga hamamu kwa ajili ya watu wote, na mjenzi wake akiwa Haji Gulamhussein. Lilikuwa na vyumba vya joto na vya baridi, na moto ukapita chini ya sakafu. Mtaa mzima ukachukua jina lake, nao ni Hamamni mpaka leo. Bafu liliendelea kufanya kazi mpaka mwanzoni mwa karne ya 20, kisha likanyamaza. Leo ni jengo la kumbukumbu, halina maji.

Angalieni tofauti, enyi wanafunzi. Baba alijenga bafu kwa ajili ya mke mmoja, na mtoto akajenga kwa ajili ya mji. Na katika yote aliyojenga Barghash, mabomba ya maji ndiyo yaliyomfikia hata yule ambaye hakuwa na ada ya kuingilia hamamu.

JAPANI: WANAOGA KABLA YA KUINGIA BAFUNI

Hapa ndipo nilipopata mshangao wangu. Nilidhani bafu la Kijapani ni kama lile la Kizungu, mtu anaingia na uchafu wake, anajisugua humo humo, anatoka na povu lake. Sivyo hata kidogo!

Wajapani huliita furo, na kwa heshima huongeza herufi mbele wakasema ofuro. Nchi yao ni ya volkano kama huku kwetu chini ya Nyiragongo, na chemchemi za moto wanazo kwa maelfu. Dini ya Kibudha ilipoingia, mahekalu makubwa, kama Todaiji katika mji wa Nara, yalikuwa na nyumba za kuogea. Kuoga kulihesabiwa kuwa ni utakaso, na maskini na wagonjwa wakafunguliwa milango. Furo za mwanzo zilikuwa za mvuke zaidi kuliko za maji. Katika mji wa Edo, ambao leo ndio Tokyo, bafu la umma la kwanza linalotajwa lilifunguliwa mwaka 1591. Kwa muda mrefu wanaume na wanawake waliingia pamoja, mpaka serikali yao ikapiga marufuku mwaka 1791, na watu hawakutii kwa urahisi.

Karne ya 20 bafu likaingia majumbani. Kwa ajili ya Olimpiki ya Tokyo ya 1964, hoteli kubwa ilihitaji vyumba vingi kwa muda mfupi, na kampuni ya Toto ikatengeneza mabafu kamili kiwandani na kuyapachika tu. Ufundi huo ukaenea katika nyumba za watu. Mabafu ya umma, ambayo mwaka 1968 yalikaribia 18,000 nchini kote, leo yako chini ya 2,000.

Lakini sikilizeni namna wanavyooga. Mjapani akiingia chumba cha kuogea, kwanza huketi kwenye kigoda kidogo nje ya birika. Huchota maji kwa ndoo ndogo, hujisabuni, hujisugua na kujisuuza mpaka lisibaki povu. Maji hayo huenda kwenye mfereji wa sakafuni. Akishakuwa safi kabisa ndipo huingia birikani, wala haogi humo. Huketi tu, maji ya nyuzi 40 au zaidi kidogo yakimfika mabegani, mwili upumzike. Akitoka, maji hayamwagwi. Huyafunika kwa kifuniko yasipoe, mwingine ajisafishe na kuingia, kisha mwingine. Desturi ni kumtanguliza mgeni au mkubwa wa nyumba. Baadaye maji yale yale wengi huyatumia kufulia nguo.

Je, hamuoni? Kigoda na ndoo ya Mjapani ni kata ya Lamu. Ondoa uchafu nje, linda maji ya ndani, mwachie mwenzako yakiwa safi. Wao wamefika hapo kwa njia yao, na sisi tulifundishwa katika Hadithi karne kumi na nne zilizopita. Na bafu lao la kawaida hubeba lita 200 hivi au zaidi, kiasi kinachokaribia zile kulla mbili zetu. Sisemi kwamba wao walichukua kwetu au sisi kwao. Nasema kwamba akili iliyo salama na sharia hukutana mara nyingi kwenye ukingo wa maji.

KURUDI KANAMA

Nilimwita kijana pamoja na kaka yake. Nilianza kwa kukiri kwamba jibu langu la kwanza lilikuwa la haraka, kwa kuwa sikuuliza yaliyotakiwa kuulizwa. Kisha tukapiga hesabu mbele ya wote.

Kwanza, maji. Bafu la lita 240 ni jerikani 12 za lita 20. Kwa nyumba inayoteka mtoni au kununua maji, kila siku, hiyo ni israfu, na hapo kaka mkubwa alikuwa na haki kabisa. Hata baada ya yale mafuriko tuliona wenyewe, maji kila mahali na ya kunywa ya shida. Ipo Hadithi mashuhuri inayokataza israfu ya maji hata kwa anayetawadha kwenye mto unaopita. Wataalamu wameizungumza sanadi yake, lakini maana yake inaungwa mkono na yale ya mudi na pishi tuliyoyataja.

Pili, mvua. Kijana ni fundi, hesabu hii aliileta yeye. Paa la bati la mita 10 kwa 6 likinyeshewa milimita 10 tu hukusanya lita 600, ukiacha yanayopotea. Mvua huku kwetu haikosi, tena ndiyo inayotuporomoshea udongo. Tangi la paa huzuia maji yasishuke kwa nguvu mlimani, na hapo hapo humpa mama maji ya kuoga.

Tatu, kina. Mwenye magoti mabovu hahitaji maji ya mabegani. Wakapunguza: birika la saruji lenye kiti ndani yake, maji yafike kiunoni mtu akiwa ameketi, kiasi cha jerikani 5 au 6. Ukingo uwe wa chini na uwe na chuma cha kushikia, maana mzee asiyeweza kukunja goti hawezi kuruka ukuta. Mara mbili kwa wiki, si kila siku. Maji yakishatumika, yakafulie au yaende kwenye migomba.

Nne, twahara. Kwa kuwa lita 120 ni chini ya kulla mbili, mwenye janaba, hedhi au najisi asiingie humo. Aoge kwanza nje kwa kata na ndoo, ghusli yake ikamilike, ndipo aingie kupumzika. Akifanya hivyo hakuna hadathi inayoondolewa ndani ya birika wala najisi inayoingia, na maji hubaki katika hukumu yake.

Tano, afya. Hili wengi hawalijui. Huko huko Japani maelfu ya wazee hufariki mabafuni kila mwaka. Mtu hutoka chumba cha baridi akaingia maji ya moto sana, mapigo na shinikizo la damu vikabadilika ghafla, akazimia ndani ya maji. Kwa hiyo serikali yao huwashauri wazee maji yasizidi nyuzi 41, wasikae zaidi ya dakika 10, na mtu wa nyumbani ajue kwamba mzee yuko bafuni. Kanama ni baridi jioni, tahadhari hii inatuhusu. Tulimtaka kijana ampeleke mama kituo cha afya apimwe kwanza, na mkamwana awe karibu na mlango kila mara.

Sita, kuiga. Nilimwambia kaka mkubwa: kuwaiga kulikokatazwa ni katika yale yanayowahusu wao peke yao kwa dini yao. Kuketi katika maji ya moto kwa sababu ya magoti si ibada ya mtu yeyote. Umayya walichukua kwa Warumi, Sayyid Said kwa Waajemi, na birika la mkononi tunalolionea fahari hapa Rwanda lilikuja na wageni. Swali la kuuliza ni: je, uchi umesitirika? Je, maji yamehifadhiwa? Je, kuna haja? Kwa mama huyu stara imezidi kuliko kule Nyamyumba, maji yamepimwa, na haja ipo magotini kila mwenye macho anaiona.

Yule kaka alinyamaza kwa muda. Kisha akamwambia mdogo wake, "Tangi la mvua nitalinunua mimi." Hayo tu. Wakatoka pamoja.

Birika limekwisha jengwa, limepakwa saruji laini, halina kigae hata kimoja. Mke wangu alikwenda kumsalimia mama akamkuta ametoka bafuni, amevaa kanga kavu, anakunywa chai. Alimwambia kwamba kwa mara ya kwanza tangu mafuriko ameingia majini bila kuogopa maji. Mke wangu aliporudi kunisimulia hakumaliza maneno yake, na mimi sikumwuliza zaidi.

MAFUNZO

1. Msimhukumu mtu kwa karatasi yake. Ulizeni kwanza haja yake, na katika mambo ya wanawake watumeni wanawake wakaulize.

2. Israfu haimo katika chombo. Imo katika kiasi na haja. Hata ndoo moja inaweza kuwa israfu kwa anayeiacha bomba wazi.

3. Historia ya Waislamu ni ya watu waliochukua chema popote walipokikuta, wakakisafisha kwa sharia, wakakitumia.

4. Kumtumikia mzazi ni mlango wa Pepo. Ndugu wawili wasiosemezana kwa ajili ya bafu la mama yao wanampa mama maumivu kuliko ya magoti.

MASWALI YA KUZUNGUMZA NYUMBANI

Wazazi, waulizeni watoto: Mtume (S.A.W.) alioga kwa kiasi gani cha maji? Kwa nini watu wa Lamu walifuga samaki birikani? Sayyid Barghash alifanya nini kwa ajili ya watu wa Unguja? Kisha chukueni ndoo yenu ya kuogea, mpime pamoja ina lita ngapi.

Tunamwomba Allah (S.W.) awarehemu waliochukuliwa na maji, awaponye wazee wetu, na atujaalie kuwa miongoni mwa wanaojitwahirisha nje na ndani. Nikiwa nimekosea, ni kwangu na kwa Shetani. Nikiwa nimepata, ni kwa tawfiki ya Allah.

Wa Allahu aalam. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakaatuh.